Niliosha Ukoko wa Watu wa Kale

Mwenye kosa ni mimi, nisiwazungushe. Si shetani, si njaa, wala si vita. Ni mimi na sabuni yangu.

Jina langu niachieni. Ukipita mtaani kwetu Kilibula ukauliza ni mwanamke gani ambaye sufuria zake zinang'aa mpaka unaweza kujitazamia ukafunga kitambaa, utaonyeshwa nyumba yangu. Mama alinilea kwa neno moja: chombo cha mtu hakirudi na masizi. Jirani akikuletea chakula, unakula, unasugua chombo kwa majivu, ndipo unakirudisha. Kukirudisha kichafu ni kumtukana mwenyewe.

Basi huko juu ya mtaa wetu jamaa mmoja alikuwa anachimba msingi wa nyumba, akakuta vigae vya vyungu vya zamani sana. Habari zikasambaa, wakaja watu wa utafiti wakiongozwa na dada mmoja kutoka Bukavu. Sisi tulimwita Madamu. Walitafuta akina mama wa kuchekecha udongo, na aliyeniingiza kwenye kazi hiyo ni wifi yangu Mapendo, dada wa mume wangu. Ndiye huyo huyo aliyekuwa akinisuka nywele kila Jumamosi. Tulikuwa chanda na pete.

Mwanzoni tuliwacheka wale watafiti. Mtu mzima na diploma zake amepiga magoti, anafagia udongo kwa brashi ya kupakia rangi! Lakini kidogo kidogo nami nikanogewa. Madamu alitufundisha kwamba udongo umelala kwa tabaka, kama nguo kwenye sanduku: cha chini kilitangulia, cha juu kikafuata. Doa jeusi la mviringo, ambalo mimi ningelikanyaga tu, yeye alisema hapa ilisimama nguzo ya nyumba, ikaoza. Udongo mwekundu ulioungua, hapo palikuwa na mafiga. Nikaanza kuiona nyumba yenyewe, mlango pale, jiko huku. Nikawa najiuliza yule mama wa zamani aliwapikia watoto wake nini.

Kumbe Madamu naye alikuwa akijiuliza hilo hilo. Vigae vya kawaida tulivioshea kwenye beseni. Vile vyenye ukoko, yaani chakula kilichoungulia ndani kikaganda, viliwekwa kando kwenye sinia, haviguswi. Mlinzi wa sinia alikuwa Mapendo. Mimi nilisikia neno "haviguswi" nikadhani ni kwa sababu vinavunjika upesi. Sikuuliza.

Siku moja tukatangaziwa kwamba kesho yake wanakuja wageni wakubwa. Mchana huo Mapendo akaitwa kwenye kilio cha jirani.

"Wifi, minye naenda kwenye kilio," akaniambia. "Weye uniangalilie hii sinia, muntu asiguse."

"Enda tu, wifi. Minye niko hapa."

Nikabaki nalitazama lile sinia. Wageni wakubwa waje wakute vyombo vichafu vimepangwa mbele yao, kana kwamba Kilibula nzima haina mwanamke? Moyo ulikataa. Nilimwonea haya hata yule mama wa zamani, masikini, aliyekufa bila kuwahi kuosha vyungu vyake.

Nikaleta mchanga, majivu na kipande cha sabuni. Nikasugua polepole, visivunjike. Penye ukaidi nikatia ukucha. Vikatakata, vikawa vyekundu vizuri, nikavianika, nikarudi nyumbani naimba.

Asubuhi Madamu akafunua sinia. Aliketi chini kwenye udongo, na siku hiyo alikuwa amevaa suruali yake nzuri kwa ajili ya wageni.

"Ni nani ameosha hii?"

Akamgeukia wifi yangu.

"Mapendo, si weye njo ulikuwa unachunga?"

"Ni minye, Madamu," Mapendo akajibu.

"Sasa nitaandika nini? Niandike kama batu ba zamani balikuwa banakula sabuni?"

Kisha akatueleza. Ule ukoko ulikuwa uende maabara. Huko wangetambua kama chungu kilipikiwa mtama, au samaki, au kitu kingine. Hata udongo wa chungu wenyewe hunywa mafuta ya chakula na kuyatunza, lakini sabuni yetu inatengenezwa kwa mawese, na sasa mafuta ya sabuni yamechanganyika na ya watu wale. Mlo wao wote ulikuwa umebaki pale tu, na mimi nimeumwaga na maji machafu.

Sasa sikieni kosa lenyewe. Kuosha ulikuwa ujinga, na ujinga husamehewa. Lakini Mapendo alinitazama. Alijua ni mimi, nani mwingine? Alikuwa akingoja niseme. Mimi nikatazama kucha zangu.

Madamu akamwambia arudi nyumbani, kazi yake imekwisha. Mapendo hakunitaja. Alifungua kitenge chake, akakifunga upya kiunoni, akaenda. Na ulinzi wa sinia nikapewa mimi.

Jumamosi hakuja kunisuka. Nikafunga kitambaa. Nyingine ikapita, kitambaa ni kile kile, mpaka kanisani wakaniuliza kama nimefiwa. Mume wangu hakunisaidia hata kidogo.

"Minye siingie katikati ya dada yangu na muke yangu," alisema. "Lakini weye unajua chenye ulifanya."

Wanasema njia ya mwongo ni fupi. Yangu ilikuwa fupi kweli, ila ilipita mbele ya mlango wa Mapendo kila siku ya kazi. Nikachoka. Nikaenda kwa Madamu mbele ya wenzangu wote, nikasema ni mimi, na hata wifi yangu sikumtetea.

"Mbona haukusema ile siku, mama?"

"Haya, Madamu. Nilisikia haya."

Akamwita Mapendo, akamwomba radhi, akamrudishia sinia lake. Mimi nikarudishwa kwenye chekeche, na amri juu yake: nisisogelee maji. Kuna kigae kimoja tu ambacho ukucha wangu haukufika, kwenye mfereji chini ya mdomo wa chungu, ukoko kidogo ukasalimika. Umepelekwa. Majibu bado.

Lakini kwangu Mapendo hakurudi. Alinisalimia vile watu wanavyomsalimia askari wa kizuizi cha barabarani, haraka na bila kusimama. Hilo liliniuma kuliko hata kama ningefukuzwa kazi.

Nikapika sombe, majani ya muhogo ya kutwanga, na ndagala, yaani dagaa, sombe ya kutulia, nikaipakua kwenye sufuria yangu bora kabisa nikampelekea mwenyewe. Alipokea, akasema asante, akafunga mlango.

Siku zikapita. Asubuhi moja nafungua mlango, nakuta sufuria yangu kizingitini. Chafu! Haikupata hata tone la maji. Niliketi nikalia. Kwa mtu kama mimi hayo ni matusi ya nguoni.

Nilipomaliza kulia nikachota majivu ili nisugue. Mkono ukagoma. Nimeshasugua mara moja kabla ya kutazama, na mnajua yaliyonipata. Nikaitoa sufuria kwenye mwanga.

Chakula kikimwagiwa mbwa, huteleza upande mmoja. Hiki hakikuteleza. Kuta zote zilikuwa na michirizi ya vidole, kutoka chini mpaka juu, mtu amefuta mpaka mwisho. Nje palikuwa na masizi mapya, ambayo hayakutoka kwangu. Na chini kulikuwa na ukoko wa tabaka mbili, ule wa chini mweusi, wa juu bado kijani. Sombe yangu haikuungua nilipoipeleka. Basi alikuwa ameipasha moto, akala, akabakiza, kesho yake akaipasha tena.

Hakuna mtu anayepasha mara mbili chakula cha mtu anayemchukia.

Nikaenda kwake na sufuria mkononi, chafu vilevile, watu wananitazama njiani.

"Wifi, uliipasha mara mbili."

Akajizuia, akashindwa, akacheka mpaka akashika mlango.

"Nilikuwa nataka nione kama Madamu alikufundisha kitu," akasema. "Ikaa pale. Hiyo kichwa yako iko mubaya."

Akanisuka, akivuta kwa nguvu kuliko kawaida, na sikulalamika.

Nanyi mnaosoma, chombo cha mtu usikiguse kabla hujauliza kwa nini ni kichafu. Na ukikosa, sema siku hiyo hiyo, kosa likiwa bado bichi, maana likishaganda linahitaji zaidi ya majivu. Ile sufuria iko juu ya kabati langu na ukoko wake mpaka leo. Mgeni akiiona akanisema, na aseme.