Mstari wa Mwisho wa Maboga

Teresia akikukasirikia wa kwanza kujua ulikuwa wewe, na aliyefuata kujua alikuwa stesheni masta, maana sauti yake ilivuka reli na kuingia mpaka dirisha la tiketi. Nimekaa jirani naye hapa Kidete tangu tulipoolewa, ua wake na wangu unatenganishwa na kichochoro tu, kwa hiyo nasema ninachokijua. Watu walidai ana hasira mbaya. Mimi nilibisha, na mpaka leo nabisha. Hasira zake za siku zile zilikuwa na utaratibu kuliko ofisi nyingi nilizowahi kuingia.

Kwanza alipiga kelele. Akimaliza, alichukua jembe akaenda kulima, hata kama ni jua la utosini na wenye akili zao wamejilaza kivulini. Alilima mpaka gauni likamlowa mgongoni. Kisha alirudi, akanawa, na jioni ungemwona anakwenda kuomba chumvi kwa mtu yule yule aliyemporomoshea matusi asubuhi. Tukimwona na jembe saa hizo tulielewa, tukampisha njia. Siku moja nilimuuliza kwa nini anajitesa.

"Mama Bibiana," akaniambia, "mimi hasira inakaa mikononi. Nikiipa kazi, inatulia. Nikiinyima, sijui itafanya nini."

Alisema hivyo huku akichambua mchele, kama anayesema habari za mvua. Nilicheka. Sikuona cha kuogopa.

Hayo yalikuwa kabla ya miaka ya soko huria. Tulikuwa tunalima pamba, chama cha ushirika kinanunua. Chama kikafa, wanunuzi binafsi wakaja msimu mmoja na mizani yao na maneno matamu, msimu uliofuata hatukuwaona hata vumbi lao. Pamba tukaacha, lakini dawa ya pamba, ile kali ya kuulia wadudu, ilibaki majumbani. Karibu kila nyumba ilikuwa na kopo lake darini, limefungwa na kitambaa, na watoto wamekatazwa kuligusa. Wanaume wakatawanyika kutafuta riziki. Yeremia, mume wa Teresia, alikwenda Mikumi kupakua malori kwenye barabara kuu, akawa anarudi kwa nadra na mkono mtupu. Kilichomlisha Teresia ni bustani yake ukingoni mwa mto Mkondoa: mahindi ya kiangazi, nyanya, na maboga. Bustani hiyo alikuwa anaimwagilia kwa ndoo, akipanda na kushuka ukingo mpaka magoti yakamuuma.

Miaka hiyo hiyo ndipo Maduhu alipohamia. Msukuma mrefu, mwenye kofia ya pama na ng'ombe wengi, akajenga boma ng'ambo ya reli pamoja na mkewe Coletha na watoto wao. Sasa, sisi Wasagara na Wasukuma ni watani. Mtani anakutukana mbele ya wakwe zako nawe unacheka. Mtani anaingia jikoni kwako, anabeba anachokitaka, na wewe huna ruhusa ya kununa. Ukinuna umejiaibisha wewe. Wazee wetu waliuweka utani makusudi, ili watu wanaopitiana njiani wasiuane kwa mambo madogo, na mimi nauheshimu sana.

Maduhu na Teresia waliucheza utani huo kuliko wote. Maduhu alikuwa mdogo kwa Teresia kwa miaka kadhaa, kwa haki alipaswa kumwamkia shikamoo. Badala yake alisimama njiani na kupaza sauti, "Wewe mchawi wa Mkondoa, bado hujafa tu?"

"Nife, nani atamzika ng'ombe wa miguu miwili kama wewe?" Teresia alimjibu, na stesheni nzima ikacheka. Coletha naye alikuwa hivyo hivyo. Alipita kwa Teresia akachukua ungo, Teresia akaenda kwake akachukua kibuyu cha maziwa. Walipendana wale wanawake, nisiwafiche.

Kiangazi kimoja ng'ombe wa Maduhu wakaingia bustanini. Mara ya kwanza Teresia alipiga kelele, akalima, yakaisha. Mara ya pili waliingia alfajiri, na walipotoka hapakuwa na bustani. Mahindi yalikuwa yamevunjwa chini, nyanya zimekanyagwa zikawa tope jekundu. Ulibaki mstari mmoja tu wa maboga, ule wa mwisho kando ya njia ya ng'ombe, ambao sijui uliponaje.

Tulikusanyika kumpa pole. Teresia alisimama katikati ya uharibifu ule, kifua kinapanda na kushuka, nami nikasubiri sauti. Kabla hajafungua kinywa, Maduhu akatokea, kofia mkononi, akaangalia kulia na kushoto.

"Mtani," akasema, "ng'ombe wangu wamekupalilia shamba lote, na hujawapa hata maji ya kunywa!"

Watu wakacheka. Nami nilicheka, kwa sababu ndivyo inavyotakiwa. Nadhani Maduhu alikuja kuomba radhi kwa njia aliyoizoea, na baadaye angeleta fidia. Lakini alikosea wakati. Teresia alikuwa ameshavuta pumzi ya kupiga kelele, na utani ukamziba mdomo. Angepiga kelele, angekuwa yeye ndiye asiyejua mila. Akatutazama mmoja mmoja. Kisha akacheka, kicheko kidogo cha adabu, akarudi nyumbani.

Mchana ule nilichungulia kichochoroni. Jua la utosini, na jembe lilikuwa limeegemea ukuta. Teresia alikuwa anafagia ua taratibu huku akiimba wimbo wa kanisani kwa sauti ya chini. Kesho yake hivyo hivyo. Alinisalimia vizuri, akaniuliza hali ya mguu wangu. Majirani wakasema, afadhali, mama wa watu amekua. Mimi nilikosa raha kabisa. Nilitamani atukane mtu, yeyote, hata mimi.

Jioni moja nikamwona anateremka mtoni na bomba la kupulizia dawa mgongoni. Nikajiuliza anakwenda kupulizia nini, maana nyanya hakuna na mahindi hakuna. Nikaona hayanihusu, nikarudi kuchochea moto wangu.

Siku iliyofuata, karibu na saa za kupika, Coletha akapita kwangu na fungu la majani ya maboga kwapani, kubwa, mabichi yanayong'aa. Anacheka peke yake.

"We mama Bibiana! Mwambie mtani wangu nimemwibia mboga. Akitaka chake, aje alambe sufuria!"

"Utapigwa wewe," nikamwambia.

"Na nani? Hana nguvu yule, analala tu siku hizi!" Akavuka reli na kicheko chake. Mikono na kanga za Coletha zilinuka dawa ya kupe siku zote, kwa kuwaogesha ng'ombe. Harufu nyingine juu ya hiyo asingeijua.

Nilimaliza kupepeta unga wangu, kisha nikaenda kumpa Teresia salamu zake. Nilimkuta anatwanga. Nikamwambia kwa kumchokoza kwamba Coletha amemwibia na anamsubiri alambe sufuria. Nilitegemea atabasamu.

"Kaiba nini?"

"Majani ya maboga."

"Ya wapi?"

"Wewe una maboga mangapi? Yale ya mstari wa mwisho, pale njia ya ng'ombe."

Mchi ukamtoka mikononi, ukagonga kinu, ukaanguka. Sijawahi kuuona uso wa mtu ukikauka kwa kasi ile. Akakimbia bila kanga, nami nikamfuata bila kujua kwa nini nakimbia.

"Nimepulizia dawa," akasema, bila kugeuka. "Ile ya pamba. Sikuitia maji. Niliwawekea ng'ombe wake."

Tulipofika relini, treni ya mizigo ilikuwa imesimama, ndefu, mabehewa yameziba njia yote. Teresia hakuizunguka. Akalala chini akapita katikati ya magurudumu, na mimi na mguu wangu mbovu nikapita nyuma yake huku nikimwita Mungu kwa majina yote ninayoyajua.

Bomani walikuwa wamekaa kivulini. Sinia la ugali lilikuwa katikati, sufuria ya mboga iliyoungwa karanga kando yake, watoto wamenawa mikono. Maduhu alikuwa ameshamega tonge.

"Msile!" Teresia akapiga kelele tokea mbali. "Msile! Mboga ina sumu!"

Wakacheka. Ndiyo, walicheka, na huwezi kuwalaumu. Mtani gani hajawahi kukuambia kwamba chakula amekitia sumu? Ni maneno ya kila siku. Hata Teresia mwenyewe aliyasema mara nyingi akiwapelekea uji wakati wa mavuno.

"Sumu yenu ya Kisagara haina makali!" Maduhu akamjibu. "Njoo ukae, mchawi, mboga ni yako." Akalichovya tonge, akalinyanyua.

Teresia aliupiga ule mkono, kofi la nguvu zake zote, tonge likaruka. Kisha akaipiga sufuria teke. Mboga ikamwagika mavumbini, mchuzi wa moto ukamrukia miguuni, hakuonekana kuusikia. Kumwaga chakula cha mtu mbele ya watoto wake si utani kwa mila yoyote. Kicheko kikakatika. Kuku wakaja mbio wakaanza kudonoa.

"Maduhu, nisikilize," Teresia akasema, sasa analia. "Nilitaka kuua ng'ombe wako. Nimepulizia dawa ya pamba kwenye majani. Sifanyi utani."

Maduhu alimtazama. Tukawa tunawaangalia kuku, watu wazima wote pale, na ilikuwa aibu na hofu kubwa kuwaangalia kuku namna ile. Jogoo akaanza kuyumba. Akakaa chini, akajaribu kusimama, akalala ubavu, miguu inapiga vumbi.

Ndipo Coletha akajishika mdomo.

"Mimi nimeonja chumvi," akasema kwa sauti ndogo.

Sitasimulia yote ya mchana ule. Alitapika, akatetemeka, mboni za macho zikasinyaa. Maduhu alimbeba mgongoni mpaka stesheni, na gadi wa ile treni ya mizigo, Mungu ambariki popote alipo, akawapakia kwenye behewa lake hadi hospitali Kilosa. Teresia alitaka kupanda nao. Maduhu akaweka mkono mlangoni mwa behewa, taratibu, akamzuia mpaka treni ilipoondoka.

Coletha hakufa. Alirudi amekonda, shingo imekuwa ndogo, akipika anapumzika mara kwa mara. Teresia alikwishakwenda mwenyewe kwa mtendaji wa kijiji akaeleza alichofanya, bila kupunguza. Tukangoja polisi. Tukangoja kikao cha fidia. Maduhu alipoitwa ofisini, alivua kofia, akasema jambo lile ni la watani na limekwisha. Mtendaji akafurahi, akawaruhusu waende. Kijiji kikamsifu Maduhu kwamba ana moyo mpana. Ng'ombe wake hawakukanyaga tena ukingo ule. Aliwahamishia njia ya mbali kabisa, huko juu mtoni, kupita daraja.

Teresia hakumsifu. Alimpikia kuku, akanibembeleza nimsindikize. Tulipofika bomani, Coletha alibaki ndani. Maduhu akatupokea mlangoni pa boma, akavua kofia, akainamisha kichwa kidogo.

"Shikamoo, mama," akamwambia Teresia.

Nilisubiri amalizie na tusi. Hakumalizia. Teresia akaitikia marahaba. Akamkabidhi bakuli. Maduhu akalipokea kwa mikono miwili, kama mtoto aliyelelewa vizuri, akashukuru, akaliweka juu ya jiwe kando yake. Mbwa alilisogelea. Hakumfukuza.

"Maduhu," Teresia akasema. "Nitukane."

"Aa, mama."

"Nitukane. Niite mchawi. Nipige, ukitaka, hapa mbele ya mama Bibiana. Pasua hata hilo bakuli."

Maduhu akatabasamu. Alikuwa na tabasamu zuri, la meno yote. Sauti yake ilikuwa ya chini na ya polepole, nami nikajikuta naangalia mikono yake, jinsi ilivyotulia.

"Nikutukane kwa kosa gani, mama? Wewe ni mtu mzima. Nendeni salama, jua litawachoma."

Tukarudi. Nilitafuta la kumfariji: kwamba ni heshima, kwamba mtu akishatishika hupoa, kwamba muda utapita. Upole ule wa Maduhu Teresia aliujua kuliko mimi na kuliko mtendaji, maana alikuwa ameishi nao ndani ya kifua chake siku zile akifagia ua na kuimba. Tulipofika kwake, aliuinua mtungi wa maji ya kunywa uliokaa barazani miaka yote, mahali ambapo mtu yeyote angeufikia, akamwaga maji yote uani, akauingiza ndani. Kisha akafunga mlango kwa komeo, na saa zile jua lilikuwa bado liko juu.