Bonde Lisilo na Watu

Juzi, kwenye ukingo wa mlima hapa Newala, nilimkuta Mdachi mmoja mchoraji na mashine yake ya picha zinazotembea. Alitaka bonde tupu kama kwenye michoro yake, kinachotembea kiwe kivuli cha wingu tu. Kwa hiyo akina mama waliokuwa wakipanda na mitungi kutoka chemchemi ya bondeni wakazuiwa na askari.

"Kaeni hapo. Mtaharibu picha."

"Baba, mwanangu ana homa, nyumbani hakuna hata tone," mmoja alisema.

"Bwana anataka bonde tupu."

"Si mlishachoma nyumba zote wakati wa vita? Bado halijawa tupu?"

Wenzake wakacheka huku wameziba midomo. Yeye akapita mbele ya mashine. Mdachi akafoka, askari akainua kiboko.

"Nipige, lakini nishikie mtungi kwanza."

Askari akaupokea kwa mikono miwili, akauweka chini taratibu, halafu akampiga. Alipomaliza, akamtwisha, mama akaenda kwa mwanawe.

Mimi nilikuwa nimejibanza kichakani nisije nikaharibu picha, Mungu anisamehe. Huko Ulaya watalitazama bonde letu na kusifu utulivu wake.