F8 na Nyumba Isiyonyooka

Programu yetu ya kuchorea ramani za nyumba ilikuwa toleo la kizee: skrini nyeusi tii, kuta mistari myekundu, milango ya manjano, na kule chini kijistari cha kuandikia amri. Ofisi nyingine walikuwa na matoleo mapya. Kompyuta yetu ikiwekewa jipya inazima. Mimi nikiipenda hivyo hivyo.

Raha yake kubwa ilikuwa kitufe cha F8. Ukishakibonyeza, mkono utetemeke utakavyo, mstari hutoka umenyooka, ama wima ama mlalo, na kila pembe mraba. Nilipokigundua nilicheka peke yangu. Nikakiacha kimewashwa mwezi mzima.

Kazi yangu ya kwanza ya peke yangu ilikuwa nyumba ya bibi mmoja, mtaa wa Kiponda, ndani ya Mji Mkongwe. Dari ya chumba chake ilikuwa imeegemezwa magogo, na bila ya ramani kupasishwa fundi haruhusiwi kuigusa. Masika yalikuwa yanabisha hodi.

Nikapima, nikachora. Ukuta wa nne ukakataa kukutana na wa kwanza. Ukabaki mwanya wa shubiri nzima. Nikarudi kupima. Mara ya tatu bibi akaniuliza kama nnafuata vipimo au nnafuata halua yake. Vipimo vilikuwa vile vile. Basi nikafanya ujinga: nikaurefusha ukuta mpaka ukafika, nikapeleka.

Afisa wa vibali akaitazama, akauliza kwa upole nyumba hii ni ya Mji Mkongwe au ya Kiembe Samaki, kwenye majumba mapya. Nilitamani ardhi inimeze. Mimi mtoto wa mji, niliyelala utotoni katika chumba kipana mlangoni na chembamba dirishani, nimesahau kwamba kuta zetu zilifuata urefu wa boriti na mpindo wa kichochoro!

Nikarudi mbio, nikapima tena, safari hii na mshazari wa kila chumba, pembe hadi pembe, nikaizima F8. Mistari ikalala ovyo, huu huku, ule kule, na mwanya ukajifunga wenyewe. Nilicheza pale pale kitini, na watu wananitazama.

Muhuri ukagongwa. Nikampelekea bibi nakala. Akavaa miwani, akaifuatisha kwa kidole, chumba baada ya chumba.

"Dari wainyanyue," akasema. "Lakini kuta wasinnyooshee. Macho yananitoka haya, sioni vyema; nazijua kwa kuzipapasa."

Nikarudi ofisini nikaliandika neno lake juu ya ramani: kuta zisinyooshwe.