Kofia ya Kichwa Kisichokuwepo

Kofia ile iligharimu kazi ya mtu, miezi kumi na tisa iliyokuwa imebaki kwenye mkataba wake, na kiinua mgongo chote. Mimi niliyeiuza nilipata faida ya dirham arubaini. Nimezihesabu mara mbili, hazikuongezeka.

Siku yenyewe, mwanangu, naikumbuka kama kitu nilichokiota mchana. Ilikuwa alasiri, dukani kwa shangazi yangu Bi Zuwena, hapo Al Ras, Dubai. Harufu ya iliki na ndimu kavu ilikuwa ikivuka ukuta kutoka kwa jirani, na kofia nyeupe zimepangwa rafuni kama jamaa waliokaa wakisubiri kuitwa. Nilikuwa na miaka ishirini na minne na ulimi mwepesi. Kofia zetu zilishonwa kwa mkono Unguja, tundu moja moja, miezi mitatu minne kwa kofia moja, na karibu kila aliyenunua alimnunulia mtu aliye mbali. Vichwa vyenyewe havikuwa vikija dukani. Watu walileta uzi wenye fundo, wengine sufuria. Mmoja alipima kwa goti lake, akaapa kuwa ni sawasawa na kichwa cha kaka yake. Sikumuuliza zaidi.

Ndipo akaja Rajabu, mtu wa Tanga, msafisha vioo vya maghorofa, akilala Muhaisnah kwenye kambi ya kampuni yao. Alitaka kofia ya baba yake, ambaye hakuwa amemwona kwa miaka saba. Hakuleta uzi. Aliinua mikono miwili hewani, akafumba macho, akaisogeza polepole mpaka viganja vikasimama vyenyewe.

"Hapa," akasema. "Mimi ndiye niliyekuwa nikimnyoa."

Nikazungusha utepe hapo kwenye mikono yake: inchi ishirini na moja na nusu. Saizi hiyo sikuwa nayo. Nilikuwa na ishirini na tatu, imekaa rafuni mwaka mzima. Nikamwambia ikifuliwa itarudi. Nilijua haitarudi, shangazi alikwisha kuifua mara mbili. Akataka apunguziwe, nikakataa kidogo, nikakubali kidogo, khalas, akaondoka nayo kifuani kama aliyebeba yai.

Miezi miwili baadaye akarudi na picha iliyoletwa na msafiri, maana zama hizo simu zetu hazikuwa na kamera. Mzee amekaa kitini, kofia imemshuka mpaka kwenye nyusi, masikio yamejikunja chini yake. Nikajiandaa kwa ugomvi. Kiasi cha kumrudishia nilikwisha kukipiga kichwani, na kiasi cha pili endapo angekataa cha kwanza. Lakini hakuja kugombana. Aliilaza picha juu ya meza taratibu.

"Dada, kofia imefuliwa na bado inamshuka, baba amepungua," akasema. "Nimempigia simu, anasema mzima. Lakini yeye hata akiugua husema mzima. Si ulipima mwenyewe? Kesho napeleka barua ya kuacha kazi, niwahi kumwona."

Hapo palikuwa pa kusema neno moja tu. Dukani mlikuwa na wateja wawili, nami nikaona haya. Nikamwambia Mungu atamponya. Akanishukuru.

Shangazi, aliyekuwa pembeni akizitia kofia wanga, alingoja duka liwe tupu. Hakupandisha sauti.

"Salma," akasema, "kofia ni kitambaa tu. Yule umemuuzia baba mgonjwa."

Kesho yake nilitafuta visingizio. Keshokutwa yake, Ijumaa, shangazi akanitia kwenye teksi. Tulimkuta Rajabu uani kambini, katikati ya kamba za nguo. Barua ilikwisha kupokelewa, viza inafutwa, na bosi wao, waliyemwita sir, si mtu wa kurudi nyuma. Nikamweleza yote: saizi, rafu, kufuliwa mara mbili.

Kisha akauliza, "Kwa hiyo kichwa chake kiko vilevile?"

"Kiko vilevile."

Akacheka, mwanangu, akacheka mpaka akakaa chini, machozi yakamtoka. Hasira ilikuja baadaye, na ilikuwa halali yake, alituambia tuondoke. Lakini furaha ndiyo iliyotangulia, na hiyo ndiyo inayoniuma mpaka leo.

Wiki ile ile akasafiri. Alimkuta mzee akipalilia michungwa, mzima kuliko yeye. Kazi Dubai hakuipata tena.

Basi wewe unayeanza biashara, sikia. Aliye mbali hawezi kujaribu, hawezi kubisha bei, hawezi hata kukununia. Wakili wake ni wewe uliyeshika utepe. Kama huna, sema sina. Neno hilo nimeligeuza kila upande, sijaiona hasara yake. Na ukikosea usingoje duka liwe tupu. Sema papo hapo, mbele za watu, haya ikushike. Mola akupe ulimi unaowahi, na riziki ambayo hakuna mtu mwingine aliyeililia.

Nami nina swali langu. Nilimpelekea Rajabu kofia ya saizi ya kweli, ikarudi. Nikapeleka fedha, zikarudi. Asiyetaka kulipwa hulipwaje? Nyinyi vijana mna akili mpya. Anayejua anijie dukani, nipo.