Majoho ya Kwaya

Wasomaji wenzangu, aibu hii imenishinda kuibeba peke yangu. Mimi ni fundi wa nguo hapa Suneka. Kwa miaka minne macho yangu yalikuwa na ukungu, nami nilimficha kila mteja jambo hilo, nikashona kwa kupapasa. Mwezi uliopita daktari mmoja wa Nairobi alinitibu kwa leza. Baada ya wiki mbili nilikuwa naona hata sisimizi ukutani, na maringo yakanipanda.

Jumapili nilikaa mbele kanisani. Kwaya ya akina mama iliposimama, niliona pindo za majoho zimepanda na kushuka, na kola zimekaa upande. Mimi ndiye niliyekuwa nikiwashonea, na kazi yangu niliijua kuwa safi. Nikaamini wamenihama.

Baada ya ibada nilimkabili kiongozi wao, Mama Kemunto, mbele ya watu wote.

"Mama, mliniacha mkaenda kwa fundi gani? Ona alivyowaharibia nguo!"

Wenzake wakainamisha vichwa. Mama Kemunto akanishika mkono.

"Baba Moraa," akasema polepole, "hatujaenda kwa mwingine. Tulijua huoni, lakini tungekuacha, watoto wako wangekula nini?"