Duvi wa Mwalimu Advera

Mwalimu Advera alifundisha baiolojia Tabora miaka thelathini bila kumwona duvi ila kitabuni. Alipostaafu, mwanafunzi wake wa zamani akamletea saba kutoka Tanga. Akawafuga kwenye beseni sebuleni kwake Isevya, maji akiyatia chumvi ya Uvinza kwa kipimo, na kila mgeni alipewa somo, atake asitake: duvi ni kaa, tumbo lake ni laini, kwa hiyo hujisitiri ndani ya ganda la konokono aliyekufa. Akikua, hutafuta kubwa zaidi.

Asubuhi moja aliwakuta wamepanga foleni, mkubwa mbele, wadogo nyuma, wameshikana. Hufanya hivyo wakiona ganda tupu, ili wa kwanza akihama wote wahame. Lakini mbele yao hapakuwa na ganda tupu. Alikuwapo duvi mzee, mzima kabisa, na wa kwanza alimpapasa mlango wa ganda kwa gando, taratibu, kama anayepima.

Jioni yule mzee alikuwa nje, uchi, amekufa. Foleni ilikwisha kuhama.

Jumamosi akaja Xavery, mtoto wa kaka yake, na familia nzima, bila taarifa.

"Shikamoo, shangazi."

"Marahaba. Kuna nini?"

"Hakuna. Tumekuja kukuona tu."

Advera hakuwa na hata mafua. Xavery akaenda moja kwa moja hadi mlango wa chumba chake cha kulala, akapitisha kiganja kwenye fremu, taratibu. Nyuma yake alisimama mkewe, kisha watoto, mkubwa hadi mdogo, wameshikana mikono.