Mchina wa Mount Dennis

Mwaka 1999, tangu theluji ilipoanza kuyeyuka hadi shule zilipofungwa, Évariste Kashindi, mzaliwa wa Uvira, alikuwa Mchina. Hakuomba kuwa Mchina. Aliteuliwa na kamati.

Kanisa lake, jengo la matofali mekundu katika mtaa wa Mount Dennis, upande wa magharibi wa Toronto, lilikuwa na waumini wachache, wengi wao wenye mvi, na lilikuwa na sifa moja tu ya kujivunia. Miaka mia kabla ya hapo lilimtuma Mchungaji Ezra Pettigrew kwenda Honan, China, kuhubiri Injili. Hakuwa amekaa sana huko kabla vijana waliojiita Ngumi za Haki, ambao Wazungu waliwaita Mabondia, hawajainuka kuwafukuza wageni pamoja na reli zao, dawa zao na Mungu wao, na kumwadhibu kila Mchina aliyewafuata. Mchungaji Pettigrew alitoroka kwa gari la nyumbu, akafika pwani salama yeye, mkewe, watoto wake na kinanda chake cha kukanyaga kwa miguu. Kinanda hicho sasa kilikaa ndani ya sanduku la kioo karibu na mlango wa kanisa, na kibao cha shaba kilichosema kwamba kilinusurika. Wageni walionyeshwa kinanda kabla ya kuonyeshwa choo. Kuhusu waongofu walioachwa nyuma, kibao hakikusema neno. Pengine shaba iliisha.

Ili kuadhimisha miaka mia, Bi Muriel Pettigrew, mjukuu wa mchungaji huyo na mwalimu mstaafu, aliandika mchezo wa kuigiza. Babu yake aliigizwa na Bwana Douglas, meneja wa benki mstaafu, kwa sababu ndevu zake zilikuwa za kweli na zingepunguza gharama. Mabondia walikuwa vijana wa kanisa, nao waligombania nafasi hizo kwa sababu zilikuja na mapanga ya mbao. Ikabaki nafasi ya Chang, mtumishi mwaminifu anayebaki nyuma kuwachelewesha maadui, akauawa. Kila Jumapili mchana kulikuwa na Wachina halisi chumba cha chini cha kanisa hilohilo, walipopanga kwa ajili ya ibada yao. Hao hawakuulizwa. Bi Muriel alisema hawapendi kusumbuliwa, na tena Kiingereza chao kingeweza kuwapa taabu watazamaji. Akamwendea Évariste, aliyejifunza Kiingereza miaka miwili tu, akamshika mkono kwa mikono yake yote miwili.

"Wewe unayajua mateso," akamwambia.

Évariste alikubali kwa sababu mbili. Ya kwanza kila mtu aliijua: kanisa hilo ndilo lililomdhamini kutoka kambi ya wakimbizi yeye, mkewe Carmel na binti yao Ariane, likawapokea uwanja wa ndege na makoti ya baridi, likamtafutia kazi ya kufua mashuka katika nyumba ya kulelea wazee, na tangu hapo halikumtaka kitu isipokuwa akae mstari wa mbele na kutabasamu. Sababu ya pili hakumwambia mtu. Alipenda kuigiza. Kule Uvira alikuwa Herode kila Krismasi, na alimwigiza kwa juhudi mpaka watoto wa mtaa wakawa wanamkimbia hata mwezi wa sita.

Maleba alishonewa na Sadrudin, fundi cherehani wa mtaa wa Thorncliffe Park aliyezaliwa Mwanza na ambaye alifurahi kupata mteja wa kuzungumza naye Kiswahili.

"Mchina wa zamani au wa sasa?" Sadrudin aliuliza, tepu shingoni.

"Wa zamani. Mtumishi. Anakufa."

"Basi wa kufa hatuhitaji bitana." Akampima mabega, akamsokotea na mkia wa nywele kwa uzi mweusi wa sufu. Alisema kwamba Mwanza walimwita Mhindi, hapa wanamwita Mpakistani, na sasa huyu Mkongo naye amekuwa Mchina. Mji huu unajua kumgawia kila mtu asichokuwa. Évariste akajitazama kwenye kioo, akaona anapendeza.

Mazoezi yalianza vizuri, yakazidi kuwa mazuri kupita kiasi. Kwa maandishi ya Bi Muriel, Chang alitakiwa kusema maneno mawili matatu, kuchomwa panga, na kuanguka. Évariste aliona huo ni uchoyo. Wiki ya kwanza alianguka. Wiki iliyofuata aliyumba kwanza. Baadaye kifo chake kilianzia kwenye mimbari, kikapita mbele ya viti vya kwaya, kikapumzika kidogo kwenye ngazi, kisha kikaendelea, naye njiani akiwasamehe Mabondia mmoja baada ya mwingine. Bi Muriel alimwomba kwa upole afe haraka zaidi, maana watu watahitaji kunywa chai.

Ni katika mazoezi hayo ndipo alipouliza swali. Kabla ya kufa Chang alisema, "Nenda, bwana wangu. Uhai wako ni wa thamani kuliko wangu, na gari limejaa." Évariste alitaka kujua gari lilijaa nini, ili aigize vizuri. Bi Muriel alifurahi kuona mtu anapenda historia. Alimwambia kulikuwa na bibi yake, watoto, masanduku ya nguo, na bila shaka kinanda. Évariste akageuka akakitazama kinanda kwenye kioo chake. Mahali pake garini angeenea mtu mzima, na mtoto mapajani. Alipoambiwa afe, alikufa bila kumsamehe mtu.

Nyumbani, wakila ugali na samaki wa kopo, alimsimulia Carmel. Mkewe hakushangaa. Aliacha tonge, akamtazama kama mtu aliyekuwa anangojea mazungumzo hayo tangu zamani.

Mwaka 1996, milio ya risasi ilipokaribia Uvira, Évariste alikuwa dereva na katekista wa misheni. Wamisionari wa kizungu waliambiwa waondoke mara moja, na yeye ndiye aliyepakia gari lao. Alipakia mashine ya fotokopi, gitaa, katoni za Biblia ambazo hazikuwahi kugawiwa, na paka ndani ya kikapu. Alipomaliza aliuliza kama Carmel na mtoto wangeweza kubebwa hata mpaka mpakani tu. Pasta alilia, machozi ya kweli kabisa, akaeleza kwamba gari ni mali ya shirika na bima yake hairuhusu abiria wa kienyeji. Wakaomba pamoja. Kisha Évariste akafuta kioo cha mbele ili Pasta aione barabara vizuri, na siku ileile yeye na familia yake wakashika njia ya ziwani kwa miguu.

"Nilimwambia nini Pasta wakati wa kuondoka?" alimuuliza mkewe. "Nilisema aende, uhai wake ni wa thamani?"

"Hapana, Papa Ariane," Carmel akajibu. "Ulimwambia afunge dirisha, paka ataruka."

Ariane akacheka. Alikuwa na miaka kumi na minne na alikuwa akijibu kila kitu kwa Kiingereza. Akauliza kama paka alifika. Kwa kweli alifika. Pasta aliwahi kuwapigia simu kambini kuwashukuru kwa maombi yao, na akawapa habari za paka.

Jumapili iliyofuata Évariste aliwahi kanisani na maleba yake mkononi. Akapita chumba cha chini, na jikoni akamkuta Bi Liu, mama mzee aliyekuwa akipikia ushirika wa Wachina baada ya ibada. Walikuwa wakisalimiana tu miaka yote miwili. Bi Liu aliuona mkia wa sufu ukining'inia kwenye mfuko, akauliza ni kitu gani, na alipoelezwa alicheka mpaka akatafuta kiti. Kisha akataka kusikia mchezo wote. Évariste alimsimulia kwa Kiingereza chake, naye alisikiliza kwa Kiingereza chake, na walielewana bila shida.

Bi Liu alisema babu yake mwenyewe alikuwa mwongofu katika kijiji cha kaskazini mwaka ule. Mmisionari wao alikuwa ameshaondoka Mabondia walipofika. Waliwapeleka Wakristo mbele ya hekalu, wakawaambia wawashe ubani kwa miungu ya kijiji, asiyetaka auawe. Wengine walikataa, wakauawa papo hapo. Babu yake aliwasha. Wakamwachia, akajificha kwenye shamba la mtama mpaka fujo ikapita.

"Halafu?" Évariste aliuliza.

"Halafu mmisionari akarudi, na askari wa kigeni nyuma yake. Akaweka baraza la kanisa. Wote waliowasha ubani wakahukumiwa kwa kuikana imani, wakaambiwa wakae kiti cha nyuma mpaka watubu vya kutosha."

"Aliyewahukumu ni yule aliyekimbia?"

"Yeye alikuwa na gari," Bi Liu akasema, akigeuza maandazi yake ya mvuke. "Babu alikaa nyuma maisha yake yote, hata baada ya kusamehewa. Alisema kuna hewa nzuri, na ni karibu na mlango."

Kuanzia hapo Évariste hakuweza tena kufa vizuri. Alianguka upesi kama mtu anayewahi basi. Bi Muriel alimsifu kwa kujifunza kiasi.

Siku ya maonyesho kanisa lilijaa. Alikuja mpaka msimamizi mkuu wa makanisa yao, na Bi Liu alipanda kutoka chini na wenzake kadhaa, wakakaa mwisho kabisa. Kinanda kilikuwa kimetolewa kwenye kioo kwa heshima ya siku hiyo, kikawekwa juu ya mkokoteni wa bustani ulioazimwa, ukivutwa na vijana wawili waliovaa masikio ya nyumbu. Bwana Douglas alipanda na mkewe wa mchezo na watoto wa mchezo. Ngoma ya Mabondia ikasikika nje. Ukafika wakati wa Chang kusema maneno yake.

Évariste alifungua kinywa, maneno hayakutoka. Hakuwa amepanga lolote. Alikunja kanzu yake, akaweka mguu kwenye gurudumu, akapanda, akakaa.

Watu wakangoja. Bi Muriel, nyuma ya pazia, akanong'ona, "Gari limejaa." Akanong'ona tena, kwa sauti zaidi, mpaka mstari wa katikati ukasikia. Bwana Douglas alimtazama Chang, akatazama watu, na hakuna neno la mchezo lililomjia. Lakini alikuwa ameketi nyuma ya meza ya benki miaka mingi, na kinywa chake kilikuwa na maneno yake chenyewe.

"Nasikitika sana," akasema. "Kwa sasa hatuna nafasi."

Évariste akaweka mkono juu ya kinanda.

"Basi tushushe hiki, Mchungaji," akasema taratibu. "Hiki Mabondia hawatakiua."

Nyumbu wakageuza vichwa vyao. Kutoka nyuma kikasikika kicheko kimoja cha mama mzee, kisha Mabondia wakaingia mbio na mapanga yao, wakakuta mtu wao wa kuua yuko juu ya gari na mchungaji. Mmoja akamuuliza mwenzake wamuue nani. Pazia likavutwa.

Évariste aliketi gizani akingoja aibu yake. Badala yake akasikia makofi. Watu walikuwa wamesimama. Walidhani yote yaliandikwa.

Wakati wa chai walimzunguka Bi Muriel, wakamwambia alikuwa jasiri kuitazama historia ya familia yake namna ile. Bi Muriel alikuwa ametoka nyuma ya pazia akiwa mwekundu kwa hasira. Kikombe chake kilipofika nusu alikuwa amekumbuka kwamba hilo ndilo alilokusudia tangu mwanzo. Msimamizi mkuu akauomba mchezo huo kwa mkutano mkubwa wa mji jirani wa Brampton, kabla ya mwisho wa mwezi.

Alipokwenda kwenye mazoezi ya Brampton, Évariste alikuta Bi Muriel ameandika upya. Sasa Mchungaji Pettigrew mwenyewe alimwita Chang, akamnyooshea mkono, akatoa hotuba ndefu juu ya udugu wa binadamu, na kumpandisha garini. Kinanda nacho kilibaki. Nafasi ilikuwa imepatikana kwa wote.

Évariste alisoma hadi mwisho, akamrudishia karatasi.

"Bi Muriel, hakumpandisha."

"Najua," Bi Muriel akasema. "Lakini ingekuwa vizuri kama angempandisha."

"Ndiyo. Chang angefurahi sana."

Akaeleza kwa adabu kwamba yeye hataweza. Bi Muriel aliumia kwa dhati. Aliiambia kamati kwamba kwa muda wote Évariste alikuwa akitaka nafasi kwenye gari, sasa amepewa, anaikataa, naye Bi Muriel haelewi kwa nini. Kamati nayo haikuelewa. Wakamtafuta Elinaza, kijana wa Kitanzania kutoka Same aliyekuwa akisoma chuo, mrefu, mcheshi, asiye na historia na mtu yeyote. Kanzu ya Sadrudin ilimfika magotini.

Évariste alikwenda Brampton kutazama, kwa sababu Carmel alitaka kuona ni nini hasa mumewe amekikataa. Bi Liu alikuja nao. Ukumbi ulikuwa mkubwa, na watu walilia pale Mchungaji Pettigrew aliponyoosha mkono wake. Bwana Douglas naye alilia, kwa maana alikuwa ameanza kuamini. Elinaza alipanda kwa ustadi, akaketi kando ya kinanda, akawapungia watu mkono, jambo ambalo halikuwa limeandikwa lakini lilipendwa.

Bi Liu aliinama sikioni mwa Évariste, akauliza, ikiwa Chang aliachwa nyuma, yule aliyepanda ni nani.

"Anaitwa Elinaza," Évariste akajibu. "Anasomea uhasibu."

Bi Liu akatikisa kichwa kuonyesha ameelewa, akafungua kopo la maandazi aliyokuja nayo, akampitishia Carmel kwanza.